Job Seda kwenye Filamu, Ayub Ogada kwenye Nyatiti

Wanachuo wenzangu, wengi wetu tumemsikia mtu huyu bila kumjua. Kama umewahi kuitazama The Constant Gardener, ile filamu ya 2005 inayohusu Kenya, basi umeusikia wimbo wa Kothbiro. Anayeimba kwa Kijaluo huku akipiga nyatiti, ala ya nyuzi nane, ni Ayub Ogada.

Alizaliwa Mombasa mwaka 1956, akajulikana kama Job Seda. Wazazi wake walikuwa wanamuziki, na utotoni alikwenda nao Marekani, walikowapigia watu wa vyuo muziki wa Kijaluo. Kwa hiyo jukwaa alilizoea mapema. Mwaka 1979 alikuwa miongoni mwa walioanzisha African Heritage Band pale Nairobi.

Kwenye sinema alibaki na jina la Job Seda. Mwaka 1985 aliigiza kama Kanuthia katika Out of Africa, filamu ya Hollywood yenye pesa nyingi. Halafu akaonekana katika The Kitchen Toto ya 1987, filamu ndogo ya Harry Hook kuhusu kijana wa jikoni wakati wa Mau Mau.

Ungedhani baada ya Out of Africa mambo yalimnyookea. Wapi! Mwaka 1986 alikwenda Uingereza na nyatiti yake, akawa anapiga kwenye stesheni za treni za chini ya ardhi za London, akitegemea sarafu za wapita njia. Huko ndiko watu wa tamasha la WOMAD walikomsikia. Mwaka 1993 albamu yake, En Mana Kuoyo, ikatolewa na Real World ya Peter Gabriel. Kothbiro, yaani mvua inakuja, ilikuwa humo. Ilipita miaka 12 ndipo filamu ikaufuata wimbo.

Baadaye alirudi Kenya, akafariki Februari 2019.

Nimemwandika kwa sababu kwetu Bombo, Same, nina mdogo wangu wa kidato cha nne. Anapiga gitaa, anaigiza, na hesabu zinampiga chenga. Nyumbani wameniambia mimi, mwalimu mtarajiwa, nimwambie aache mambo hayo. Hofu yao naielewa: ada inatoka kwenye mpunga, na mvua ikikosekana hakuna cha kuuza.

Siwezi kumdanganya mdogo wangu kwamba sanaa inalipa haraka, maana Ogada mwenyewe alishaonekana Hollywood na bado akaokota sarafu. Lakini pia siwezi kumwambia kwamba gitaa ni uhuni. Nimewajibu wazee hivi: mtoto amalize shule, jioni tukae naye kwenye hesabu nikiwa likizo, na gitaa lisiuzwe. Baba hajakubali bado. Ila gitaa bado lipo.