Marehemu John Akii-Bua: Mruka Viunzi Aliyerudi Kufundisha



Vijitabu vya mikutano yetu iliyotangulia vimejaa habari za mashekhe, wafanyabiashara na wenye majahazi. Safari hii nimeombwa niandike maisha ya mwanamichezo, kwa sababu vijana watakaokuja Dima wa Tayyin wanatarajiwa kuwa wengi, na vijana hawakai barazani. Niliyemchagua si wa ukoo wetu, wala hakupata kuiona milima ya wazee wetu. Lakini sisi ambao babu zetu walitoka Wadi Tayyin wakaishia Uganda, nasi tukazaliwa huko, tulikua na jina lake mdomoni. Na watoto wetu waliozaliwa Oman, Uingereza na Canada hawalijui hata kidogo. Hiyo kwangu ni sababu ya kutosha.

John Akii-Bua alizaliwa tarehe 3 Disemba 1949 huko Abako, katika nchi ya Walango, kaskazini ya Uganda. Baba yake alikuwa chifu, mwenye wake kadhaa na ng'ombe wengi, na watoto wake walitimia 43. Sisi tunaohangaika kila mkutano kuijaza shajara ya ukoo wetu hatuhitaji kuelezwa nyumba ya namna hiyo ikoje. John alichunga ng'ombe kama walivyochunga nduguze. Baba alipofariki, masomo yakakatika. Kijana akawa mpokea fedha katika baa ya ndugu yake, kisha akateremka Kampala kujiunga na polisi.

Zama hizo polisi na majeshi ndiyo yaliyokuwa vyuo vya riadha vya Afrika ya Mashariki. Huko kijana wa kimaskini alipata mlo wa uhakika, saa za kufanya mazoezi, na mtu wa kumsimamia. Msimamizi wa mwanzo wa Akii-Bua alikuwa Jorum Ochana, polisi mwenziwe, ambaye naye alipata kushika rekodi ya Afrika katika mbio za viunzi. Ochana hakuwa mpole. Aliweka ufito juu ya kiunzi, ukiacha nafasi ndogo tu, ili mwanafunzi ajifunze kupita chini chini bila ya kujirusha ovyo hewani. Aliyejisahau aliupiga ufito kwa kichwa, na Akii-Bua alibaki na kovu la somo hilo katika paji la uso wake.

Mwanzoni alikimbia mita 110, viunzi virefu, na hakufuzu kwenda Olimpiki ya Mexico ya mwaka 1968. Mwaka huo huo alifika Uganda mwalimu wa Kiingereza, Malcolm Arnold, ambaye baadaye alipata sifa kubwa kwao kwa wanafunzi kama Colin Jackson. Arnold alimtazama kijana yule, akaona kuwa ana pumzi nyingi kuliko zinazohitajika kwa mita 110, akamhamishia mita 400.

Hapa sina budi kusimama kidogo, kwani bila ya kuufahamu mchezo wenyewe sifa zake zitakuwa maneno matupu. Mkimbiaji wa mita 400 huruka viunzi kumi, na baina ya kiunzi na kiunzi kuna mita 35. Watu wengi hutangulizwa na mguu mmoja tu, kama vile mtu anavyoandika kwa mkono mmoja. Kwa hiyo hulazimika kupiga hatua za idadi isiyogawanyika kwa mbili, tuseme 13, ili wafike na mguu ule ule. Wakichoka, hawawezi kuingia hatua 14. Inawabidi waende 15, na mwendo unavunjika. Akii-Bua aliweza kuruka kwa mguu wowote, wa kulia na wa kushoto. Alipochoka aliongeza hatua moja tu, mguu ukabadilika, na mwendo ukabaki ule ule.

Mwaka 1970, katika michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Edinburgh, alishika nafasi ya nne. Mwaka 1971 hakuna duniani aliyekwenda mbio kumshinda katika masafa hayo. Hata hivyo, walioandika habari za michezo hawakumtia sana maanani, kwa kuwa hakuwa amekutana mara nyingi na wakubwa wa Ulaya na Marekani. Yeye alikuwa akipanda vilima vya Kampala. Alivaa kizibao chenye vipande vya risasi, uzito wa kilo kumi na zaidi, akaruka viunzi vilivyoinuliwa hadi sentimita 106, ilhali vya mashindano yake ni sentimita 91. Siku alipovua kizibao na kushusha viunzi, naona mbio zenyewe zilikuwa kwake kama mapumziko.

Fainali ya Munich ilikuwa tarehe 2 Septemba 1972. Kura ilimpa njia ya kwanza, ya ndani kabisa, ambako kona ni kali na mruka viunzi hubanwa. David Hemery wa Uingereza, bingwa wa Mexico na mwenye rekodi ya dunia, alitoka kwa kasi kubwa kuliko ile ya miaka minne nyuma. Mpaka kona ya mwisho Hemery alikuwa mbele. Walipoingia mstari ulionyooka, Akii-Bua akampita kana kwamba mbio zilikuwa ndiyo kwanza zinaanza, akamaliza kwa sekunde 47.82. Hakuna mwanadamu aliyewahi kushuka chini ya sekunde 48. Ralph Mann wa Marekani alipata 48.51, na Hemery 48.52. Wenzake waliinama wakitafuta pumzi, naye akaendelea kukimbia na kushangilia, akiruka tena viunzi ambavyo hakuna aliyemtaka aviruke. Ilikuwa medali ya kwanza ya dhahabu ya Uganda katika Olimpiki.

Mimi nilikuwa na umri wa miaka 12, Kampala, na habari tuliipata redioni. Nyumba yetu wakati ule haikuwa na furaha nyingi. Mwezi mmoja kabla, Idi Amin alikuwa ametangaza kuwapa Waasia siku 90 za kuondoka nchini, na watu wazima wa Kiarabu walikuwa wakiulizana kila usiku kama na wao wamo katika amri ile au hawamo. Jioni hiyo majirani waliokuwa hawajasemezana kwa wiki kadhaa walitoka nje, Mganda, Mhindi na Mwarabu, kila mmoja akilitaja jina lile lile.

Serikali ilimpokea kwa shangwe, ikampandisha cheo, na barabara moja ya Nakasero, Kampala, ikaitwa kwa jina lake. Januari 1973 akashinda tena dhahabu, katika Michezo ya Afrika mjini Lagos. Lakini alikuwa Mlango, kabila la Milton Obote aliyepinduliwa mwaka 1971, na Walango na Waacholi walikuwa wakiuawa kwa maelfu. Amin alimtumia kama ushahidi kwamba Mlango anaweza kustawi chini ya utawala wake, na huku ndugu zake Akii-Bua wanauawa. Mtu wa namna hiyo haaminiwi na upande wowote.

Alitazamia kukutana na Mmarekani Edwin Moses katika Olimpiki ya Montreal mwaka 1976. Nchi za Afrika zikagoma, kwa sababu timu ya ragabi ya New Zealand ilikwenda kucheza Afrika Kusini ya makaburu. Sababu ilikuwa ya haki, na siitii doa. Ila gharama yake waliilipa vijana wachache, akiwemo Filbert Bayi wa Tanzania. Moses alishinda kwa sekunde 47.64, na rekodi ya Munich ikaondoka mikononi mwa mtu ambaye hakuwepo uwanjani kuitetea. Mwaka 1978 huko Algiers Akii-Bua alipata medali ya fedha.

Aprili 1979 majeshi ya Tanzania na ya Waganda waliokuwa uhamishoni yaliingia Kampala. Akii-Bua alihofia kwamba watu watamhesabu kuwa mtu wa Amin, akakimbilia Kenya pamoja na aila yake. Njiani mkewe alijifungua kabla ya wakati, na mtoto akafariki. Kenya wakatiwa katika kambi ya wakimbizi. Nimefanya kazi ya serikali kwa muda mrefu, na najua kwamba mbele ya karani wa kambi mtu ni jina na namba. Bingwa wa Olimpiki na mchunga mbuzi hujaza fomu moja. Aliyemtoa ni kampuni ya Puma, ambayo viatu vyake ndivyo alivyovikimbilia. Ikampeleka Ujerumani ya Magharibi na kumpa kazi. Mwaka 1980 alikimbia kwa ajili ya Uganda kwa mara ya mwisho katika Olimpiki, mjini Moscow, akatolewa katika nusu fainali.

Wengi wetu tunaijua hali aliyokuwa nayo Ujerumani, kwani tumeiishi: mshahara upo, nyumba ipo, watoto wanasoma, na nyumbani kwenu mambo hayajatulia. Mimi nilipohama Uganda katika miaka ile ya 1980 sikurudi kuishi. Yeye, baada ya miaka mitatu au minne, alirudi. Alirudi katika nchi yenye vita vya msituni, vilivyokwisha Januari 1986, akaingia tena polisi, na huko akawa mwalimu wa riadha.

Kazi hiyo haikuandikwa sana, na sioni ajabu. Mbio za Munich zina namba yake, 47.82, ambayo kila mtu anaweza kuikariri. Miaka ya mwalimu anayesimama alfajiri pembeni mwa uwanja na saa mkononi haina namba. Ila anayeifahamu habari ya Ochana na ule ufito ataelewa alikuwa akifanya nini. Alilipewa ilmu na polisi mwenziwe bila ya malipo, naye akaenda kuwapa polisi wengine wadogo. Angeweza kukaa Kampala akaishi kwa jina lake tu, na nchi ingemvumilia. Mimi naihesabu sehemu hii kuwa nzito kuliko Munich, ingawa najua vijana hawatakubaliana nami.

Alifariki Kampala tarehe 20 Juni 1997, akiwa na miaka 47, mjane, akiacha watoto 11. Alizikwa kwa heshima za taifa. Mwaka mmoja kabla, Davis Kamoga alikuwa ameiletea Uganda medali ya shaba ya mita 400 kutoka Atlanta, na Akii-Bua aliwahi kuishuhudia. Dhahabu ya pili hakuiona: ilikuja London tarehe 12 Agosti 2012, Stephen Kiprotich aliposhinda marathoni, miaka 40 baada ya Munich.

Aliacha pia maisha yake ameyaandika kwa mkono wake mwenyewe. Maandishi hayo yalitumiwa katika filamu iliyoonyeshwa na BBC mwaka 2008, na humo ndimo wengi walimojua kwa mara ya kwanza habari za nduguze na za mtoto aliyefia njiani. Lira, mji mkubwa wa Walango, una uwanja wenye jina lake. Kaburi lake liko Abako, pale pale alipochunga ng'ombe.