Jean-François Champollion: Kufuli ya Mafirauni na Ufunguo wa Kikopti

Wasomi wa lugha wanapolitaja jina la Jean-François Champollion, aghalabu hulitaja pamoja na Jiwe la Rosetta, lile bamba lenye hati tatu lililopatikana na askari wa Ufaransa katika mji wa Rashid, Misri, mnamo Julai 1799. Picha inayojengeka akilini ni ya kijana mwenye kipawa aliyelitazama jiwe, akajaliwa ufunuo wa ghafla, na siri ya mafirauni ikawa wazi. Makala haya yanakusudia kuusimulia wasifu wa bwana huyu kwa kuuangazia upande usiotajwa sana, nao ni ile miaka takribani 15 aliyoitumia kuinamia miswada ya Kikopti, lugha iliyokuwa imesalia katika ibada za kanisa tu. Nakala za jiwe lile zilisambazwa Ulaya na kila mtaalamu angeweza kuzichunguza. Umilisi wa Kikopti ndio uliokuwa adimu.

Champollion alizaliwa tarehe 23 Desemba 1790 katika mji mdogo wa Figeac, kusini-magharibi mwa Ufaransa, akiwa kitindamimba wa muuza vitabu. Malezi yake ya kielimu yalisimamiwa na kaka yake, Jacques-Joseph, aliyemzidi umri kwa miaka 12. Mnamo 1801 alihamia kwa kaka yake huyo mjini Grenoble. Huko aliishi mwanahisabati Joseph Fourier, aliyekuwa gavana wa jimbo na ambaye alikuwa ameandamana na jeshi la Napoleon hadi Misri. Katika mazingira hayo shauku ya Misri ilimwingia kijana huyu, akajifunza Kilatini, Kigiriki, Kiebrania na Kiarabu. Mnamo Septemba 1807, akiwa na umri wa miaka 16, aliwasomea wanachama wa akademia ya Grenoble makala kuhusu jiografia ya Misri ya kale, akiegemea majina ya miji yaliyohifadhiwa katika Kikopti.

Ni muhimu hapa kueleza Kikopti ni lugha gani. Kikopti ni hatua ya mwisho ya lugha ileile ya Misri ya kale. Katika karne za mwanzo za Ukristo, Wamisri waliazima alfabeti ya Kigiriki ili kuiandika lugha yao, wakaongeza herufi sita au saba, kutegemea lahaja, kutoka hati yao ya zamani iitwayo demotiki. Herufi hizo ziliwakilisha sauti ambazo Kigiriki hakikuwa nazo. Msomaji wa tenzi zetu kongwe hataliona jambo hilo kuwa geni, kwani waandishi wa Kiswahili waliotumia hati za Kiarabu nao walilazimika kuzirekebisha ili zibebe sauti kama vile /p/, /ch/ na /v/. Faida kubwa ya Kikopti kwa mtafiti ni kwamba kinaziandika irabu, ilhali hieroglifi haziziandiki. Ukilijua neno katika Kikopti, unapata fununu ya jinsi babu zao Wakopti walivyolitamka.

Baada ya Waarabu kuiteka Misri katika karne ya 7, Kiarabu kilikitwaa polepole kila kikoa cha matumizi, kuanzia ofisini hadi sokoni na hatimaye majumbani. Wataalamu Wakopti wa Zama za Kati waliona lugha yao ikididimia, wakatunga sarufi na orodha za msamiati zilizofafanua Kikopti kwa Kiarabu. Miswada ya aina hiyo ilichukuliwa na msafiri Pietro della Valle hadi Roma mwanzoni mwa karne ya 17, na padri Athanasius Kircher akaichapisha mnamo 1643 katika kitabu chake kuhusu lugha ya Misri. Tafsiri za Kircher za hieroglifi zilikuwa njozi tupu, lakini dai lake kwamba Kikopti ni mzao wa lugha ya kale lilikuwa sahihi. Kwa hiyo, kabla ya Mzungu yeyote kufaidi, wenye lugha wenyewe walikuwa wamekwisha kuiwekea akiba.

Champollion aliichota akiba hiyo mjini Paris kati ya 1807 na 1809. Alisoma lugha za Mashariki chini ya wanazuoni kama Silvestre de Sacy, lakini hakuridhika na vitabu pekee. Alihudhuria ibada za Kikopti katika kanisa la Saint-Roch, ambako alifunzwa na kasisi aitwaye Yuhanna Chiftichi, mwenyeji wa Misri. Katika barua kwa kaka yake alieleza kwamba alikuwa amekizamia Kikopti hata akawa anajisemesha kwacho na kutafsiri kwacho kila kilichomjia akilini. Katika maktaba ya Paris aliipitia miswada mingi ya Kikopti, ikiwemo ile ambayo majeshi ya Napoleon yaliichukua kutoka Vatican. Alinukuu, akalinganisha lahaja ya Sahidi ya kusini na ya Bohairi ya kaskazini, kisha akaanza kuandaa sarufi na kamusi. Mtaka cha mvunguni sharti ainame.

Akiwa na umri wa miaka 18 tu, aliteuliwa kufundisha historia katika Grenoble. Mnamo 1811 alichapisha maoni yake kuhusu orodha ya miswada ya Kikopti ya mkusanyo wa Borgia huko Velletri, iliyokuwa imeandaliwa na Mdenmarki Georg Zoëga. Mnamo 1814 alitoa juzuu mbili kuhusu Misri chini ya mafirauni, zilizofafanua majina ya mahali kwa msingi wa miswada hiyo. Hata hivyo, alipoiwasilisha sarufi na kamusi yake ya Kikopti mwaka uliofuata ili igharamiwe uchapishaji, ilikataliwa. Siasa nazo hazikumhurumia. Kwa kuwa yeye na kaka yake walimuunga mkono Napoleon aliporejea mamlakani mnamo 1815, walihamishiwa Figeac kwa amri ya serikali. Mnamo 1821 alikuwa hana kazi tena. Alikimbilia Paris kwa kaka yake, mwenye afya dhaifu na mfuko mtupu.

Ikumbukwe kwamba hadi wakati huo Champollion mwenyewe alishikilia kuwa alama za Kimisri ni ishara za vitu na dhana wala si sauti. Mwaka huohuo wa 1821 alikuwa amechapisha kazi yenye msimamo huo. Kilichomgeuza ni hesabu rahisi. Alizihesabu alama za hieroglifi zilizosalia kwenye Jiwe la Rosetta akapata 1,419, ilhali sehemu ya Kigiriki inayolingana nazo ina maneno 486. Kama kila alama ingekuwa neno zima, alama zisingeyazidi maneno kiasi hicho. Tayari Msweden Johan David Åkerblad alikuwa ametumia Kikopti mnamo 1802 kutambua maneno kadhaa katika sehemu ya demotiki, na Mwingereza Thomas Young alikuwa amesoma sehemu ya jina la Ptolemaio mnamo 1819. Jina la Kleopatra katika nguzo ya mawe iliyotoka kisiwa cha Philae lilimpa Champollion herufi nyingine za kulinganisha.

Mtihani wa kweli ulikuja tarehe 14 Septemba 1822, alipopokea michoro kutoka hekalu la Abu Simbel. Ndani ya fremu iliyozungushiwa jina la mfalme aliona duara la jua, kisha alama nyingine, kisha /s/ mbili. Katika Kikopti jua huitwa re. Ile alama ya pili ilikuwa pia kwenye Jiwe la Rosetta, mahali ambapo Kigiriki kinataja kuzaliwa, na kitenzi cha Kikopti cha kuzaa ni mise. Alipounganisha, jina likasomeka Ramses, yaani aliyezaliwa na jua. Jina hili halikuwa la mtawala Mgiriki wala Mroma, bali la firauni wa Misri yenyewe. Inasimuliwa katika jamaa yake kwamba alikimbia hadi ofisini kwa kaka yake, akamweleza kwamba amelipata, kisha akaanguka na kuzimia.

Tarehe 27 Septemba 1822 aliwasomea wanaakademia wa Paris barua yake kwa katibu wao, Bon-Joseph Dacier, iliyojikita katika majina ya watawala Wagiriki na Waroma. Maelezo kamili yalifuata katika kitabu cha 1824, alipothibitisha kuwa hieroglifi huchanganya alama za sauti na alama za maana katika sentensi moja. Mabishano kuhusu nani alitangulia kati yake na Young hayakwisha upesi. Mchango wa Young haupaswi kufichwa, lakini yeye aliishia kwenye majina na maneno machache. Kutoka majina hadi vitenzi, viwakilishi na muundo wa sentensi palihitajika mtu aliyekuwa na sarufi ya lugha hiyo kichwani.

Mwaka huo wa 1824, mjini Turin, alikuta vipande vya karatasi ya mafunjo vyenye orodha ya wafalme wa Misri, hazina ambayo ilikuwa karibu kuwa takataka. Mnamo 1826 alikabidhiwa mkusanyo wa Misri katika jumba la makumbusho la Louvre, na mnamo 1828 akafika Misri kwa mara ya kwanza na ya mwisho, akiongoza msafara pamoja na Mwitaliano Ippolito Rosellini. Walipanda mto Nile hadi Wadi Halfa, wakinakili maandishi ambayo sasa aliweza kuyasoma papo hapo ukutani. Kabla ya kuondoka mwishoni mwa 1829 alimwandikia mtawala Muhammad Ali akimsihi azuie uharibifu wa mahekalu.

Cheo cha profesa katika Collège de France alikipata mnamo 1831, lakini mwili ulikuwa umechoka. Alifariki kwa kiharusi tarehe 4 Machi 1832, akiwa na umri wa miaka 41. Sarufi yake ya Kimisri ilikuwa bado haijachapishwa. Sehemu ya karatasi zake ilichukuliwa na mwanafunzi wake, Francesco Salvolini, aliyechapisha baadhi ya matokeo kana kwamba ni yake. Wizi huo ulifichuka baada ya Salvolini kufa mnamo 1838. Kaka yake Champollion ndiye aliyezikusanya karatasi na kuitoa sarufi kuanzia 1836 hadi 1841, na kamusi baada yake. Katika sarufi hiyo maneno ya Kimisri yameandikwa sambamba na ya Kikopti, ushahidi wa wazi wa njia aliyoipita.

Maisha haya yana deni ambalo historia imelilipa nusunusu. Champollion amejengewa sanamu na makumbusho, ilhali jina la kasisi Chiftichi na ya wale watunga msamiati wa Zama za Kati hayajulikani ila kwa wachache. Bila wao, kijana wa Figeac angebaki akiyahesabu maumbo ya ndege na nyoka asijue yanatamka nini. Sisi wanafunzi wa Kiswahili, ambao bado tuna miswada ya hati za Kiarabu isiyohaririwa, tunajua thamani ya mzee anayeweza kuisoma kwa sauti. Kazi ya kumketia chini na kujifunza kwake haiwezi kuahirishwa, kwa sababu Wakopti walipoanza kuandika sarufi zao lugha ilikuwa imekwisha kuanza kuwaponyoka.