Abraham Bosse na Maandishi ya Ufundi wa Picha za Chapa

Abraham Bosse alizaliwa mjini Tours, Ufaransa, mwanzoni mwa karne ya 17, katika familia ya Kiprotestanti. Baba yake alikuwa mshonaji wa nguo. Jambo hilo lafaa kukumbukwa, kwani picha za Bosse ni miongoni mwa vyanzo vikuu vya historia ya mavazi ya Kifaransa katika enzi ya Mfalme Louis XIII.

Akiwa kijana alikwenda Paris kujifunza kazi kwa Melchior Tavernier, aliyekuwa mchoraji na mwuzaji wa picha za chapa. Baadaye aliathiriwa sana na Jacques Callot, fundi mashuhuri wa Lorraine. Picha zinazonasibishwa kwa Bosse ni takriban 1,600. Amri ya kifalme ya mwaka 1633 ilipokataza mapambo ya anasa katika nguo, alichora mabwana, mabibi na hata mtumishi wakiitii, huku mavazi ya fahari yamewekwa kando. Aidha, katika picha ya maduka ya Galerie du Palais, ya mnamo 1638, vitabu, vipepeo na lesi vinauzwa bega kwa bega.

Hata hivyo, umuhimu wa Bosse hauishii katika picha. Mwaka 1645 alichapisha kitabu kuhusu namna za kuchora juu ya bamba la shaba, ambacho ndicho cha kwanza kuueleza ufundi wa kuchora kwa tindikali kwa ukamilifu. Kabla ya hapo, maarifa hayo yalipokewa kwa mdomo na kwa mkono ndani ya karakana. Bosse alieleza jinsi ya kutengeneza vanishi ngumu, kuipaka juu ya bamba, kuikwangua ili shaba ionekane, kisha kumwagia tindikali ile michirizi. Alifafanua pia matumizi ya sindano yenye ncha iliyokatwa mshazari, ambayo ikizungushwa hunenepesha au hukondesha mstari. Lengo lake lilikuwa kazi ya tindikali ilingane kwa unadhifu na ile iliyochongwa kwa chuma.

Imani hiyo kwamba ufundi una kanuni zinazoweza kuandikwa na kufundishwa ndiyo iliyomponza. Tangu 1648 alifundisha kanuni za kuchora umbali katika Akademia ya Kifalme ya Uchoraji na Uchongaji, akifuata jiometria ya rafiki yake Girard Desargues. Kwa Bosse, mchoraji hana budi kuongozwa na vipimo, si kuliamini jicho lake tu. Wachoraji wakuu, wakiongozwa na Charles Le Brun, hawakukubali hukumu yao ifungwe na vipimo hivyo. Ugomvi ulizidi mwaka 1660, kilipotoka kitabu cha Jacques Le Bicheur kilichotabarukiwa kwa Le Brun. Bosse alidai kuwa kimeiba mafunzo ya Desargues. Mwaka 1661 Akademia ilimfukuza. Alifungua shule yake mwenyewe, nayo ikafungwa kwa amri ya serikali mwaka 1662.

Mwaka huohuo William Faithorne alikitoa kitabu cha uchoraji wa shaba kwa Kiingereza mjini London. Kwa hiyo, wakati mwalimu aliponyimwa darasa katika nchi yake, mafunzo yake yalikuwa yamekwisha kuvuka bahari. Bosse hakuacha kazi: alichora mimea kwa ajili ya Akademia ya Sayansi, na kitabu cha picha hizo kilitolewa mwaka 1676, mwaka aliofariki mjini Paris.

Katika karne ya 18, Charles-Nicolas Cochin, aliyekuwa mwanachama wa Akademia ileile iliyomfukuza Bosse, alikihariri na kukipanua kitabu chake, kikatolewa tena mwaka 1745 na 1758. Hivyo, wenye mamlaka waliweza kumwondoa mwalimu katika kiti chake, lakini kanuni alizozitia katika maandishi ziliendelea kutumika katika karakana za wachora shaba.