Siti binti Saad: Muuza vyungu aliyeimba kwa lugha tatu

ANAYEZURU mji wa Lamu wakati wa harusi hawezi kuukwepa muziki wa taarab. Sauti hupenya katika vichochoro vyembamba vya Mkomani na Langoni, ikapanda juu ya kuta za matumbawe, hata aliyekwisha lala akajua ni nyumba ipi iliyo na furaha usiku huo. Anayeimba mara nyingi huwa ni mwanamke, na lugha anayoiimbia ni Kiswahili.

Mambo hayo mawili, yaani mwanamke kuongoza taarab na taarab kuimbwa kwa Kiswahili, leo huonekana ya kawaida. Mwanzoni mwa karne iliyopita hayakuwa hivyo. Miongoni mwa waliofanya yakawa ya kawaida, wa kwanza kutajwa ni mwanamke aliyezaliwa katika familia ya kitumwa, akafinyanga vyungu na kuviuza kwa miguu, kisha akawa mwimbaji mashuhuri kuliko wote wa zama zake katika pwani ya Afrika Mashariki. Huyo ni marehemu Siti binti Saad.

Ili kuelewa ukubwa wa alilolifanya, inafaa kwanza kuangalia hali ya ushairi na uimbaji ilivyokuwa. Visiwa vya Lamu, hasa Pate na Amu, vilikuwa kitovu cha utungo wa Kiswahili kwa muda mrefu. Utendi wa Tambuka uliandikwa Pate mwaka wa 1728. Mwana Kupona binti Mshamu, mke wa mtawala wa Siyu, aliutunga utendi wake wa nasaha kwa bintiye mwaka wa 1858. Tungo hizo ziliandikwa kwa hati za Kiarabu, zikahifadhiwa katika nyumba za waungwana, zikasomwa kwa sauti na kukaririwa. Mwanamke wa ukoo mkubwa aliweza kuwa mtunzi na kuheshimiwa, mradi maneno yake yatoke nyumbani naye mwenyewe abaki ndani.

Taarab nayo ilikuwa na nyumba yake, na nyumba hiyo ilikuwa kasri. Inasimuliwa kwamba Sultani Barghash, aliyetawala Zanzibar kuanzia mwaka wa 1870 hadi 1888, ndiye aliyempeleka Mohamed Ibrahim nchini Misri kujifunza ala, ili arudi kuwaburudisha wakubwa. Nyimbo zilikuwa za Kiarabu. Mwaka wa 1905 kikaundwa chama cha Nadi Ikhwani Safaa, kikaendeleza muziki huo mjini Zanzibar. Wapigaji na waimbaji walikuwa wanaume.

Mtoto aliyeitwa Mtumwa alizaliwa nje kabisa ya dunia hiyo, yapata mwaka wa 1880, katika kijiji cha Fumba kisiwani Unguja. Baba yake, Saad, alikuwa na asili ya Unyamwezi, na mama yake asili ya Uzigua. Jina alilopewa lilieleza wazi mahali pa familia yake katika jamii. Utumwa haukufutwa kisheria Zanzibar ila mwaka wa 1897, na katika pwani ya Kenya, Lamu ikiwemo, mwaka wa 1907.

Hata hivyo, sheria haikuweza kufuta dharau kwa siku moja. Iwe Unguja au Amu, watu waliendelea kuulizana fulani ni nani, babu yake alitoka wapi, na mama yake alivaa nini. Kaniki ilikuwa vazi la watumwa, ilhali buibui lilikuwa alama ya heshima. Mwanamke aliyetoka katika kaniki akatamani kuheshimiwa alijua kwamba atakumbushwa kila siku alikotoka.

Mama yake Mtumwa alikuwa mfinyanzi, naye binti akarithi kazi hiyo. Alipevuka akiwa mchuuzi, akitembea kutoka shamba hadi mjini na mzigo wa vyungu kichwani. Hakusoma chuoni wala shuleni, wala hakusifiwa kwa uzuri wa sura. Alichojaliwa ni sauti. Aliwaita wateja kwa kuimba, na inasimuliwa kwamba watu walimtambua kabla hawajamwona.

Mwaka wa 1911 aliamua kuhamia mjini. Huko alikutana na Ali Muhsin, mwanachama wa Nadi Ikhwani Safaa, ambaye aliisikia sauti ile na kutambua kwamba ni kipawa kisichostahili kupotea. Akajitolea kumfunza uimbaji, ala na matamshi ya Kiarabu. Mwanafunzi huyo, aliyekwisha pita umri wa miaka 30, alianza upya kama mtoto. Alijifunza kuisoma Kurani, na makhraji aliyoyapata huko yakamsaidia katika nyimbo. Baadaye akaongeza nyimbo za Kihindi, kwa sababu mji wa Zanzibar ulikuwa na Wahindi wengi waliopenda muziki na walioweza kumwalika katika shughuli zao.

Hivyo mwanamke ambaye hakuwahi kukaa darasani akawa anaimba kwa lugha tatu: Kiswahili, Kiarabu na Kihindi. Mwarabu aliyemwalika katika baraza lake alisikia lugha yake, na Mhindi vivyo hivyo. Milango ambayo nasaba yake isingeifungua ilifunguliwa na ulimi. Aliimba hata mbele ya Sultani Khalifa bin Harub, aliyeshika kiti mwaka ule ule wa 1911.

Ndipo watu wakaacha kumwita Mtumwa, wakamwita Siti, jina la heshima la mwanamke bora. Ni vigumu kupata katika historia ya pwani yetu mfano mwingine wa jina moja kubadilishwa na jingine lililo kinyume chake kiasi hicho.

Bila shaka mafanikio hayo yaliwaudhi wengine. Walitokea watu waliomtungia wimbo wa kumsimanga, wakimkumbusha kaniki aliyokuja nayo mjini na kudai kwamba kama si sauti asingekuwa na cha kula. Siti hakugombana nao njiani. Alijibu kwa wimbo, akiwaambia kwamba sura na nasaba si kitu, na kwamba lililo muhimu ni akili ya mtu. Wimbo huo wa majibu ulidumu katika vinywa vya watu kuliko ule wa masimango.

Siti hakufanya kazi peke yake. Kundi lake lilikuwa na wanaume mahiri, wakiwemo Subeit bin Ambar, Mbaruk Talsam, Budda bin Mwendo na Maalim Shaaban. Walikutana Ng'ambo, upande wa mji waliokaa watu wa kawaida, wakazungumza habari za siku hiyo, wakatunga na kufanya mazoezi. Habari za mtaani, za mahakamani na za sokoni ziligeuzwa mashairi yenye vina na mizani, kisha yakatiwa udi na fidla.

Hapo ndipo lilipotokea jambo kubwa. Siti aliweza kubaki mwimbaji wa kasri, akiimba Kiarabu kwa ufasaha na kulipwa vizuri. Kiarabu kilikuwa lugha ya utukufu, na kwa mtu wa asili yake kukiimba vyema kulikuwa ushindi tosha. Lakini umaarufu wake hasa ulitokana na nyimbo za Kiswahili, lugha aliyozaliwa nayo na iliyoeleweka kwa mpagazi, mvuvi na mpishi. Taarab ilitoka barazani kwa wakubwa ikaingia mitaani.

Mwezi Machi mwaka wa 1928 Siti na kundi lake walivuka Bahari ya Hindi hadi Bombay, India, kurekodi santuri za kampuni ya His Master's Voice. Wakati huo hapakuwa na studio ya kurekodia katika Afrika Mashariki. Siti anahesabiwa kuwa mwanamke wa kwanza wa sehemu hii ya dunia kurekodiwa sauti yake katika santuri. Walirudi tena Bombay katika miaka iliyofuata, na kufikia mwaka wa 1931 nakala zilizouzwa zilikuwa zimepita 70,000.

Idadi hiyo ni kubwa sana kwa zama ambazo gramafoni ilikuwa mali ya wachache. Gramafoni moja ilisikilizwa na mtaa mzima, katika mkahawa au barazani, kwa hiyo waliomsikia ni wengi kuliko walionunua. Santuri zake zilisambaa katika mwambao na bara. Pwani ya Kenya, kuanzia Vanga hadi visiwa vya Lamu, wakati huo ilikuwa ingali ikihesabiwa kisheria kuwa milki ya Sultani wa Zanzibar, hali iliyoendelea hadi mwaka wa 1963, ingawa Waingereza ndio waliokuwa wakitawala. Bahari haikuwa mpaka. Majahazi yaliyopakia boriti na samaki wakavu ndiyo yaliyopeleka pia habari na nyimbo.

Ikumbukwe kwamba katika miaka hiyo hiyo, huko Misri, Umm Kulthum naye alikuwa akipanda ngazi. Alikuwa binti wa kijijini aliyeanzia katika kisomo cha dini, kisha santuri zikamfanya sauti ya taifa. Wanawake hao wawili walionyesha kwamba teknolojia mpya iliweza kumfikisha mtu wa chini mahali ambapo jamaa zake wasingemfikisha. Tofauti ni kwamba Umm Kulthum aliimba kwa lugha iliyokuwa na heshima tayari, ilhali Siti alikuwa akiipa heshima ile aliyoiimbia.

Nyimbo zake hazikuwa za mapenzi tu. Ule uitwao Kijiti unasimulia kisa cha kweli cha mwanamke mgeni kutoka Dar es Salaam, aliyekuwa mja mzito, ambaye alialikwa katika starehe mjini Zanzibar, akabakwa na kuuawa. Mtuhumiwa alikimbilia bara na hakuadhibiwa. Walioadhibiwa ni wanawake waliojitokeza kulisema jambo hilo, kwa sababu ya pombe iliyonywewa siku hiyo. Mahakama ya kikoloni ililifunga faili, lakini wimbo wa Siti uliendelea kumtaja mhalifu kwa jina, mwaka hadi mwaka, kila gramafoni ilipozungushwa.

Hapa ndipo thamani ya lugha aliyoichagua inapoonekana. Kisa kama hicho kingeimbwa kwa Kiarabu kingepita juu ya vichwa vya wale kilichowahusu. Kwa kuimbwa kwa Kiswahili kikawa onyo kwa wanawake na aibu kwa waliopindisha haki. Mtu asiyeweza kusimama kizimbani alipata mahali pengine pa kusikilizwa.

Pamoja na hayo, Siti alijua kuishi na watu. Alijisitiri kwa buibui alipokuwa mbele ya hadhira, akihifadhi heshima ya mwanamke wa pwani huku akifanya kazi ambayo wanawake wa pwani walikuwa hawajaifanya. Waliotaka kumwita asiye na haya walikosa pa kushika.

Mwishoni mwa maisha yake alipata bahati nyingine. Mwandishi Shaaban Robert, aliyezaliwa mwaka wa 1909 na kufariki mwaka wa 1962, alimtembelea na kumsikiliza akisimulia safari yake. Siti alifariki dunia tarehe 8 Julai, 1950. Mazungumzo hayo yalizaa Wasifu wa Siti binti Saad, uliochapishwa mwaka wa 1958. Kitabu hicho kimesomwa na vizazi vya wanafunzi, na kwa wengi ndiyo mara ya kwanza walipokuta maisha ya mwanamke wa kawaida yakiandikwa kwa Kiswahili sanifu kwa uzito unaopewa wafalme.

Warithi wake ni wengi. Fatuma binti Baraka, aliyejulikana kama Bi Kidude, alijifunza nyimbo zake tangu utotoni kwa kumsikiliza, akaziimba katika majukwaa ya dunia hadi kifo chake mwaka wa 2013. Chama cha Wanahabari Wanawake Tanzania, TAMWA, kilichoundwa mwaka wa 1987, kiliita jarida lake Sauti ya Siti, kwa kutambua kwamba alikuwa mtangazaji wa habari za wanawake kabla hawajakuwa na gazeti.

Kwa watu wa Lamu, maisha ya Siti yana funzo la pekee. Visiwa hivi vilikwisha kuwa na Mwana Kupona karibu miaka mia moja kabla ya Siti kufariki. Yule alikuwa mwungwana aliyeiandikia hazina yake binti yake mmoja, na maneno yake yakahifadhiwa kwa sababu nyumba yake ilikuwa na nafasi ya kuyahifadhi. Siti hakuwa na nyumba kama hiyo. Maneno yake yalihifadhiwa na wasikilizaji. Wote wawili ni mama wa fasihi yetu, na haifai kumtukuza mmoja kwa kumsahau mwenziwe.

Tena wako hata leo wanaomwalika mwimbaji harusini, wakamtunza pesa mbele za watu, kisha kesho yake wakamsengenya kwa kazi na kwa asili yake. Siti aliyajua hayo yote tangu miaka ya 1920. Wale waliomcheka kwa kaniki yake majina yao hayakumbukwi tena. La kwake lingali likitajwa, na ni jina walilompa wasikilizaji wake.