Dimbleby aliutaja ugonjwa wake



Naomba nafasi katika safu yako niseme machache juu ya Richard Dimbleby, mtangazaji wa Uingereza aliyefariki Desemba 22, 1965. Vijana wengi wanadhani mtangazaji wa televisheni ni mtu wa kuvaa suti na kusoma karatasi aliyoandikiwa na wengine. Huyu hakuwa wa namna hiyo.

Alizaliwa mwaka 1913, akajifunza kazi katika gazeti la familia yao, na mwaka 1936 akaingia BBC. Vita Kuu ya Pili ilipozuka akawa mwandishi wa kwanza wa vita wa shirika hilo. Alipanda ndege za mabomu usiku kwenda Ujerumani, akijua fika kwamba nyingine hazirudi. Aprili 1945 aliingia katika kambi ya Belsen, akakuta maiti kwa maelfu, na walio hai nao wamebaki mifupa. Wakubwa wake mjini London waliipokea taarifa yake kwa mashaka wakasita kuitangaza. Alishikilia mpaka ikatangazwa. Kwangu mimi, hilo peke yake lingetosha kumpa jina.

Lakini wengi walimjua kwa televisheni. Juni 2, 1953, Malkia Elizabeth alipovikwa taji, Dimbleby ndiye aliyeeleza shughuli ile kutoka ndani ya kanisa la Westminster Abbey, na Waingereza wapatao milioni 20 wakatazama. Tangu 1955 aliongoza kipindi cha Panorama. Wapo waliomwona mtu wa kuwanyenyekea mno wafalme, na sisi tuliotawaliwa na wafalme hao hatulazimiki kuwapinga. Hata hivyo aliweza kutania. Aprili 1, 1957, alisimulia kwa uso mkavu jinsi wakulima wa Uswisi wanavyovuna tambi mitini, na watu wazima wenye akili zao wakaamini!

Ninalotaka hasa kulisema ni hili. Mwaka 1960 aligundulika ana kansa. Kwa miaka mitano alikaa kimya akiendelea na kazi, huku akienda hospitali kutibiwa. Januari 1965 alitangaza mazishi ya Winston Churchill, kazi ya saa nyingi, naye ni mgonjwa. Mwishoni mwa mwaka huo, akiwa amelazwa, yeye na familia yake waliamua kuutaja ugonjwa kwa jina lake mbele ya taifa zima. Wakati ule hata Uingereza kansa haikutajwa hadharani; watu walinong'ona tu, kama kwamba ni aibu ya ukoo.

Nami nimezika ndugu zangu wawili ambao jamaa mpaka leo wanasema waliugua tumbo. Mmoja alikaa na uvimbe karibu mwaka mzima bila kumwambia hata mkewe, akawahishwa kwa daktari wakati hakuna la kufanya. Basi msomaji asishangae nikimkumbuka Mwingereza huyu kwa siku zake za mwisho kuliko kwa taji la Malkia.

Baada ya tangazo lile, barua zilimiminika hospitalini kutoka kwa watu wasiomjua ila kwa sura na sauti. Alifariki akiwa na umri wa miaka 52. Mwaka 1966 familia yake ilianzisha mfuko kwa jina lake wa kusaidia utafiti wa kansa na wagonjwa wake.

Msomaji wako,
Morogoro.