Geoffrey de Havilland: Kutoka Mti hadi Metali

Wamunyu, katika Machakos, inajulikana mbali kwa vinyago vyake. Asili ya kazi hiyo husimuliwa kwa kumtaja Mutisya Munge, Mkamba aliyekwenda Tanganyika wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, akajifunza huko uchongaji, kisha akarejea nyumbani na ufundi huo. Katika vita hivyohivyo, mwaka 1916, askari na wapagazi waliopita nyika za Mbuyuni na Taveta waliziona juu ya vichwa vyao ndege za Waingereza za aina ya B.E.2c. Ndege hizo zilikuwa za mbao na kitambaa, na asili yake ni mchoro wa Mwingereza aitwaye Geoffrey de Havilland. Naye pia alikuwa mtu wa mti, na maisha yake huenda yakaeleweka upesi zaidi Wamunyu kuliko mahali pengi, kwa kuwa huko watu wanajua jinsi mti unavyochaguliwa, unavyokaushwa na unavyopasuka.

Alizaliwa tarehe 27 Julai 1882 karibu na High Wycombe, mji wa Uingereza uliokuwa mashuhuri kwa mafundi wa viti. Baba yake alikuwa kasisi asiye na mali. Aliyekuwa na fedha ni babu mzaa mama, mfanyabiashara wa Oxford, ambaye alimpa kijana huyo pauni 1,000 aunde ndege, wakati ambapo Waingereza waliowahi kuruka walikuwa wa kuhesabika. Alifanya kazi hiyo pamoja na rafiki yake, Frank Hearle. Mkewe, Louise, alishona kitambaa cha mabawa kwa cherehani ya mkono. Mnamo Desemba 1909 ndege hiyo ilipaa kwa muda mfupi mno. Bawa likavunjika, ikaanguka. De Havilland alitoka hai. Akaiokoa injini, akaunda ndege ya pili kwa mbao imara zaidi, na mwaka 1910 ikaruka katika uwanda wa Seven Barrows. Serikali iliinunua kwa pauni 400, na yeye mwenyewe akaajiriwa Farnborough, ambako B.E.2 ilibuniwa.

Mwaka 1920 alianzisha kampuni yake kaskazini mwa London. Ndege iliyoipa uhai ni Moth, ndogo, ya watu wawili, ya mbao, na mabawa yake yaliweza kukunjwa ili iingie katika banda la kawaida. Tarehe 22 Februari 1925 yeye mwenyewe ndiye aliyeirusha kwa mara ya kwanza. Jina hilo maana yake ni nondo, yule mdudu wa usiku afananaye na kipepeo, kwani de Havilland alipenda kuchunguza wadudu tangu utotoni. Baadaye zikafuata ndege zenye majina ya kereng'ende, mbu na nyigu. Kiswahili kimekiita chombo hiki ndege, jina moja kwa aina zote. Bwana huyu aliona kundi zima la wadudu. Inafurahisha pia kwamba katika Kiswahili neno nondo limebeba maana ya mdudu na ya chuma cha kujengea, maana mtu huyu alianza na mmoja na kuishia kwa mwingine.

Kenya ilizipokea nondo hizo mapema. Mwaka 1929 Florence Wilson alianzisha Wilson Airways jijini Nairobi akiwa na ndege moja tu, Gipsy Moth. Tarehe 14 Mei 1931 ndege ya aina hiyohiyo ilianguka Voi muda mfupi baada ya kupaa, ikamuua Denys Finch Hatton, mwindaji maarufu, pamoja na Kamau, mtumishi wake, ambaye wasimulizi wengi humtaja kwa jina hilo moja tu, tena kwa haraka. Dragon Rapide, ndege ya mbao yenye injini mbili, ilihudumu katika Wilson Airways, na ndiyo iliyotumiwa na East African Airways ilipoanza kazi mwaka 1946.

Kilele cha ufundi wa mbao kilifikiwa vitani. Mwishoni mwa miaka ya 1930 watengenezaji wengi walikuwa wamekwisha kuhamia metali, na wakubwa wa serikali walilidharau wazo la ndege ya kivita ya mbao. De Havilland na mbunifu wake mkuu, R. E. Bishop, walishikilia msimamo wao. Hoja yao ilikuwa ya kifundi na ya kiuchumi pia: metali ilikuwa adimu, ilhali maseremala na viwanda vya samani vilikuwapo bila kazi ya vita. Kiwiliwili cha Mosquito kiliundwa kwa nusu mbili zilizogandishwa pamoja kwa gundi; kila nusu ilikuwa ya balsa, mti mwepesi kutoka Ekwado, uliobanwa katikati ya plaiwudi nyembamba. Iliruka mara ya kwanza tarehe 25 Novemba 1940, ikazidi kasi ya kilomita 600 kwa saa. Zikatengenezwa 7,781. Hata hivyo, ubao una masharti yake. Mwaka 1944, katika joto na unyevu wa India na Burma, baadhi ya Mosquito zilivunjika angani, na gundi na viungo vyake vikatiliwa shaka. Mchongaji ambaye kinyago chake cha mti mbichi kimepasuka baada ya kufika nchi ya mnunuzi hahitaji kuelezwa jambo hilo.

Kampuni ilistawi, nyumba ikabomoka. Mwanawe John alifariki Agosti 1943 pale Mosquito mbili zilipogongana angani. Geoffrey, mwana wa kwanza aliyebeba jina la baba na aliyeirusha Mosquito ile ya kwanza, alikufa tarehe 27 Septemba 1946 akijaribu ndege ya jeti, D.H.108, iliyosambaratika karibu na mlango wa mto Thames. Louise, aliyeshona mabawa ya kwanza, hakupona majonzi hayo. Alifariki mwaka 1949. De Havilland hakuacha kazi. Wapo watakaouita huo ujasiri. Yamkini hakujua namna nyingine ya kuishi.

Mwaka huohuo, tarehe 27 Julai, siku alipotimiza umri wa miaka 67, iliruka Comet, ndege ya kwanza ya jeti ya abiria duniani. Hii ilikuwa ya metali. Tarehe 2 Mei 1952 Comet yenye usajili G-ALYP iliondoka London kuelekea Johannesburg ikiwa na abiria wa kulipa nauli. Ilitua Roma, Beirut, Khartoum, kisha Entebbe na Livingstone. Kwa hiyo Afrika Mashariki ilihudumiwa na jeti ya abiria tangu safari ya kwanza kabisa. Tarehe 10 Januari 1954 G-ALYP hiyohiyo ilisambaratika karibu na kisiwa cha Elba, watu wote 35 wakafa. Comet zikasimamishwa, zikakaguliwa, zikarejeshwa kazini. Tarehe 8 Aprili nyingine ikaanguka karibu na Napoli na watu 21.

Huko Farnborough, alikoanzia kazi, wachunguzi walikizamisha kiwiliwili cha Comet katika tangi la maji na kuiga shinikizo la safari moja baada ya nyingine. Baada ya mizunguko zaidi ya 3,000 ilipasuka. Metali ilikuwa imechoka: kila safari iliitanua na kuilegeza, hadi ufa mdogo penye kona ya tundu ukawa mpasuko. Bawa la 1909 lilivunjika siku ya kwanza, tena aliyelipa ni muundaji mwenyewe. Huu ufa ulisubiri mamia ya safari, na waliolipa walikuwa watu walionunua tiketi. Lawama zote hazimwangukii yeye, kwa kuwa michoro ilikuwa ya Bishop na elimu ya uchovu wa metali ilikuwa changa kila mahali. Lakini jina lililoandikwa kwenye ndege lilikuwa lake.

Comet iliundwa upya kwa bati nene zaidi na madirisha ya mviringo. East African Airways ilizipokea Comet 4 mwaka 1960, mwaka ambao kampuni ya de Havilland ilimezwa na Hawker Siddeley. Mwenyewe alifariki tarehe 21 Mei 1965, na majivu yake yakamwagwa kutoka angani juu ya Seven Barrows. Wakati huo Comet za East African Airways zilikuwa bado zikiruka kati ya Nairobi na London.