Michel de L'Hospital: Kansela Aliyekataa Upanga

Ndugu zangu, mimi mtumishi wa Serikali humkumbuka sana kiongozi huyu wa Ufaransa. Alipopewa ukansela, yaani usimamizi wa sheria, mwaka 1560, damu ya Wakatoliki na Waprotestanti ilikwisha kumwagika. Ingawa Mkatoliki, alishikilia kwamba imani haibadilishwi kwa upanga. Amri ya Januari 1562 iliwaruhusu Waprotestanti kusali hadharani nje ya miji. Machi 1, askari wa François wa Guise wakawaua waliokuwa wakisali ghalani huko Vassy, vita vikaanza. Mwaka 1568 alinyang'anywa mihuri ya Serikali. Alifariki 1573, miezi michache baada ya mauaji ya Mtakatifu Bartolomayo. Hata hivyo, Amri ya Nantes ya 1598 ilirudia njia yake. Watumishi wenzangu, nanyi vijana mlioko shuleni, tulizingatie hilo.